Jinsi ya kusoma mahojiano ya wazushi wa Zama za Kati

Ukitaka kujua Kanisa lilivyokaa ndani ya maisha ya wanakijiji wa Ulaya, acha kwanza hati za mapapa. Chukua daftari la Jacques Fournier, askofu wa Pamiers kusini mwa Ufaransa, aliyewahoji washukiwa wa uzushi, yaani imani iliyopingana na mafundisho ya Kanisa, kuanzia 1318 hadi 1325. Jean Duvernoy alilichapa kwa Kilatini mwaka 1965, na tafsiri zake zipo kwa Kifaransa, na baadhi kwa Kiingereza. Mimi huanza nalo kila ninapowafundisha wanafunzi kusoma kumbukumbu za mahakama, kwa utaratibu huu.

Hatua ya 1: Mjue anayeuliza. Fournier alikuwa mtawa wa shirika la Wasistersiani aliyesoma teolojia Paris, na mwaka 1334 akawa Papa Benedikto XII. Elimu kama yake ilikuwa sehemu ya vita dhidi ya uzushi. Vita vya msalaba dhidi ya Wakatari, dhehebu la kusini mwa Ufaransa ambalo Kanisa lililihesabu kuwa la wazushi, vilipokwisha mwaka 1229, mkataba wa amani ulimlazimisha Raymond VII, mtawala wa Toulouse, kuwalipa walimu mishahara, na chuo kikuu kikaanzishwa mjini humo ili teolojia sahihi ifundishwe palepale wazushi walipokuwa na nguvu. Kwa hiyo unaposoma swali la Fournier, unamsikia msomi anayeamini kwamba kosa la imani lina mwalimu wake, na mwalimu huyo anaweza kupatikana.

Hatua ya 2: Tenga sauti za watu wawili. Shahidi alisema Kioksitani, lugha ya kusini mwa Ufaransa, karani akaandika Kilatini, kisha maelezo yakasomwa mbele ya shahidi kwa lugha yake ili ayathibitishe. Maneno kama "wazushi waliotajwa hapo juu" ni ya karani, hata yakitoka kinywani mwa mchungaji wa kondoo. Yapigie mstari kwa penseli.

Hatua ya 3: Angalia kiapo. Kipo mwanzoni, na wengi hukiruka. Wavaldo, dhehebu jingine lililohesabiwa kuwa la wazushi, walifundisha kwamba kuapa ni dhambi, kwa hiyo kukataa tu kiapo kulitosha kuwaweka hatarini. Raymond de la Côte, mmoja wao, alikataa. Alijadiliana na askofu kwa muda mrefu juu ya toharani (mahali pa kutakaswa roho baada ya kifo) na mengineyo, naye hakuwa mbumbumbu hata kidogo. Mei 1320 alichomwa moto.

Hatua ya 4: Rudisha maswali yaliyofichwa. Mara nyingi karani ameandika jibu tu. Ukikuta "alisema hakuwahi kumwona mtu mwingine pale", jua aliulizwa nani mwingine alikuwapo. Andika swali hilo pembeni. Kurasa chache tu zitakuonyesha orodha ileile ikijirudia: nani alikufundisha, lini, wapi, mbele ya nani, uliamini kwa muda gani.

Hatua ya 5: Saka jibu lisiloingia kwenye orodha. Hapa ndipo pa kutumia muda wako. Guillemette Benet wa kijiji cha Ornolac alishtakiwa kwa kusema kwamba roho ni damu tu. Kwa nini? Kwa sababu bata bukini akikatwa kichwa, uhai haumtoki mpaka damu imwishe. Alipoulizwa nani alimfundisha, akajibu kwamba hakuna, aliwaza mwenyewe. Jibu kama hilo halikumfaa mhoji aliyetafuta mtandao wa wahubiri. Ndiyo maana nalitilia uzito: halina dalili ya kuwekwa mdomoni.

Vivyo hivyo mkoba wa Béatrice de Planissoles, mjane wa ukoo bora, aliyekamatwa mwaka 1320. Ndani walikuta vitovu vya wajukuu wake wa kiume. Alieleza kwamba mwanamke mmoja Myahudi aliyebatizwa alimwambia akivibeba hatashindwa kesi. (Kesi hii, basi, havikuisaidia sana.) Huo si Ukatari. Ni dawa za watu wa kawaida, na askofu alilazimika kuzisikiliza.

Hatua ya 6: Fuata zaka. Wanakijiji wa milimani walichukia kutozwa zaka ya wana-kondoo, na Fournier huyohuyo ndiye aliyekuwa akiidai. Raymond de Laburat alifikishwa mbele yake kwa maneno makali juu ya zaka na makasisi. Jiulize kila mara: huyu anaikana imani, au anaukataa mzigo?

Hatua ya 7: Soma hukumu mwishoni, si mwanzoni. Ukianza nayo utamsoma kila mtu kama maiti mtarajiwa, na utakosea: katika kesi zipatazo 98, waliochomwa ni 5. Silaha kubwa ilikuwa gereza la askofu huko Allemans na msalaba wa kitambaa cha njano ulioshonwa kwenye nguo kama alama ya adhabu.

Kwa zoezi la kwanza, weka mahojiano ya Béatrice kando ya yale ya mpenzi wake, kasisi Barthélemy Amilhac, uhesabu yanapopishana. Wote wawili walitolewa gerezani Julai 4, 1322. Béatrice akiwa na msalaba wa njano, Barthélemy bila.