Jinsi ya Kumuondoa Mwenyekiti wa Kamati ya Wavuvi kwa Kura ya Kutokuwa na Imani

Nimekuwa katibu wa kamati za shehia (eneo dogo la utawala huku Zanzibar) upande wa Mkoani, Pemba, kwa muda mrefu. Hoja nyingi za haki nimeziona zikianguka kwa sababu ya karatasi, wala si kwa kukosa watu. Wananchi wana hasira, ushahidi wanao, kisha mwenyekiti anabaki kwa kuwa barua ilichelewa au kura ilihesabiwa vibaya. Nimeandika kwa ajili ya wavuvi, lakini kamati ya maji au baraza la vijana la shehia nao watafaidika.

Hatua ya 1: Hakikisheni mnayemtaka aondoke alichaguliwa na nyinyi

Sheha, yaani kiongozi wa shehia, huteuliwa. Hata shehia nzima ikikusanyika, kura yake haimtoi. Malalamiko yapelekeni wilayani. Meya huchaguliwa na madiwani, kwa hiyo mkaazi hupitia kwa diwani wake. Mwenyekiti wa kamati ya wavuvi aliwekwa na wajumbe, na hao ndio wenye haki ya kumtoa.

Hatua ya 2: Someni katiba ya kamati neno kwa neno

Tafuteni nakala iliyotiwa saini, msitegemee ya kusimuliwa. Mnatafuta mambo manne: sahihi ngapi zinahitajika, taarifa itolewe siku ngapi kabla, akidi (idadi ya chini ya wajumbe ili kikao kiwe halali) ni watu wangapi, na kura ngapi zinamuondoa.

Hili la nne ndilo linalowaangusha wengi. Tuseme kamati ina wajumbe 60 na wamehudhuria 45. Katiba ikisema "theluthi mbili ya wajumbe wote", mnahitaji kura 40. Ikisema "theluthi mbili ya waliohudhuria", zinatosha 30. Ukipata kura 35 umeshinda kwa katiba moja na umeshindwa kwa nyengine.

Katiba ikiwa kimya, msijitungie utaratibu siku ya kura. Iteni kwanza mkutano mkuu upitishe utaratibu, na afisa uvuvi wa wilaya awepo. Kielelezo kizuri ni ibara ya 53A ya Katiba ya Jamhuri ya Muungano, inayohusu Waziri Mkuu: sahihi za wabunge wasiopungua asilimia 20, taarifa kwa Spika siku 14 kabla, na hoja ikishindwa hairudishwi mpaka ipite miezi tisa. Kwenu hiyo si sheria, lakini vipimo vyake vinaigika.

Hatua ya 3: Andikeni tuhuma za kazi tu

Tuhuma tatu zenye ushahidi zinatosha. Ndoa yake, chama chake cha siasa na ugomvi wa shamba la mikarafuu havimo. Mfano:

"Sisi wajumbe tuliotia sahihi hapa chini hatuna imani na Mwenyekiti kwa sababu: (1) hajasoma taarifa ya mapato na matumizi katika vikao viwili vilivyopita, (2) aliruhusu uvuvi kwenye mwamba uliofungwa, bila ya uamuzi wa kikao, (3) fedha za faini hazikuingizwa benki, kama kitabu cha risiti kinavyoonesha."

Kila tuhuma ambatanisheni na karatasi yake. Isiyo na karatasi ifuteni, hata kama kijiji kizima kinaijua.

Hatua ya 4: Sahihi

Kila ukurasa uwe na maneno ya hoja juu yake, ili asitokee mtu akasema alidhani anasaini mahudhurio. Jina kamili, tarehe, sahihi. Asiyeandika aweke dole gumba mbele ya shahidi. Kusanyeni zaidi ya kiwango, kwani wapo watakaofuatwa usiku na kuombwa wajitoe.

Hatua ya 5: Wasilisheni mapema, mpate ushahidi wa kupokelewa

Aprili 2012 mbunge Zitto Kabwe alikusanya sahihi za wabunge wapatao 70 ili kumpigia Waziri Mkuu Mizengo Pinda kura ya kutokuwa na imani. Spika Anne Makinda hakuiruhusu hoja, kwa sababu ya sharti la siku 14. Kama Bunge zima lilikwamishwa na siku, kamati ya shehia haitasalimika.

Pelekeni nakala tatu: ya katibu, ya afisa uvuvi, na yenu iliyogongwa muhuri na kuandikwa tarehe ya kupokelewa.

Hatua ya 6: Pangeni siku kwa kufuata maji

Mkiitisha mkutano wakati wa bamvua, maji yanapojaa na kupwa sana, kina mama wa mwani na wachokoaji pweza wako pwani na akidi haitimii. Chagueni maji mafu, yanapojaa na kupwa kidogo tu, karibu na tarehe 8 au 23 ya mwezi mwandamo, baada ya sala ya alasiri. Angalieni pia dago: wajumbe wakiwa wamehamia kambi za mbali kwa wiki kadhaa, subirini warudi. Mwenyekiti mjanja huitisha mkutano wakati wao hawapo, halafu husema hoja imekosa watu.

Hatua ya 7: Mkutano wenyewe

Mtuhumiwa haongozi kikao kinachomjadili. Kiti akae makamo, au mtu atakayechaguliwa na mkutano. Hesabuni akidi kwa sauti, iandikwe. Hoja isomwe, kisha mwenyekiti apewe muda wa kujibu bila kuzomewa. Hili nalishikilia sana. Mtu aliyenyimwa nafasi ya kujitetea ana hoja ya kwenda nayo wilayani, na zaidi ya hapo ni haki yake hata kama ameiba.

Kura iwe ya siri. Katika shehia zetu mwenyekiti ni ami wa huyu na mkwe wa yule, na mkono ulionyooshwa hadharani unakumbukwa miaka. Kabla ya kugawa karatasi, tangazeni mara mbili: NDIYO maana yake aondoke, HAPANA maana yake abaki. Wahesabu wawe wawili, mmoja wa kila upande.

Hatua ya 8: Makabidhiano siku hiyohiyo

Muhuri, vitabu vya risiti, funguo za boti ya doria na kitabu cha benki viorodheshwe na kusainiwa kabla watu hawajatawanyika. Asubuhi yake katibu apeleke benki muhtasari wa kikao pamoja na barua ya kubadilisha watia saini. Mpaka benki ijibu kwa maandishi, fedha yoyote isitolewe kwenye akaunti, hata ya mafuta ya doria.