Kabla ya siku ya kesi yako: mambo ya kuweka sawa mapema

Ukisikia shauri la mtu limefutwa, usidhani kila mara hakimu amepima ushahidi akauona mwepesi. Pengine karani aliita majina mlangoni, hakuna aliyeitikia.

Jambo la kwanza la kujua ni kwamba sheria inaangalia nani hakuwepo. Sheria ya mwenendo wa madai ya Zanzibar ina asili moja na ile ya India ya 1908, na imetenganisha hali mbili. Mkikosekana nyote, mdai na mdaiwa, shauri hufutwa, lakini unaweza kufungua jengine madhali muda wa kudai haujapita. Ukikosekana wewe mdai peke yako, na mdaiwa yupo na anakana dai lako, hapo ndipo penye moto. Huruhusiwi tena kufungua kesi mpya juu ya dai lile lile. Kilichobaki ni kuomba ile ya zamani irejeshwe, kwa sababu ya kutosha. Kwa hiyo kujiambia "hata mdaiwa hatokwenda" ni hesabu mbovu.

Samansi, ile hati ya kukuita mahakamani, isome mwenyewe, au asomewe mzee wako polepole: tarehe, saa, mahakama gani, jengo gani. Waliozoea Vuga, ilikokuwa Mahakama Kuu zamani, huelekea huko kwa mazoea tu, kumbe Mahakama Kuu wanayoitwa iko Tunguu. Na kesi ikiahirishwa, andika tarehe mpya palepale kabla hujatoka, usitegemee kukumbushwa. Siku ya kutajwa, yaani kesi inapoitwa tu bila kusikilizwa, nayo ni siku ya mahakama, nenda.

Unaishi Unguja na shauri liko Chake Chake, Pemba? Vuka jana yake. Kusi likichafuka boti huweza kuzuiwa, na hata ukifika salama, kutoka bandari ya Mkoani hadi Chake bado kuna safari ya gari. Tiketi usiitupe.

Wenye wakili ndio hujisahau zaidi. Wakili asipotokea na wewe umelala nyumbani, kwenye jalada inaandikwa mdai hakufika. Mpigie siku moja kabla. Akiwa na kesi pengine, muulize nani atamshikia nafasi yake. Mimi ningekwenda hata kama yeye anakwenda.

Ukiugua, mtume mtu na barua na cheti cha daktari kabla kesi haijaitwa. Salamu za jirani hazitoshi.

Na likifutwa? Usikae kusubiri arubaini ya msiba iishe, siku za kuomba lirejeshwe zinahesabika. Chukua nakala ya amri, muulize karani muda uliobaki, kisha peleka ombi lenye hati ya kiapo inayosema siku ile ulikuwa wapi na kwa nini. Hapo ndipo ile tiketi ya boti iliyoghairishwa inapohitajika.