Ukitaka Kumwandika Mrusi, Anza na Jina la Baba Yake

Nahariri miswada ya filamu. Mrusi akitokea, namjua kabla hajafungua mdomo: pande la mtu, jina Ivan, kofia ya manyoya, vodka mkononi na bomu la nyuklia kalificha mahali. Huyo ni kiumbe wa Vita Baridi. Hata Ivan Drago wa Rocky IV ya mwaka 1985, aliyewakaririsha wengi sura hiyo, aliigizwa na Mswidi, Dolph Lundgren.

Basi anza na jina. Mrusi ana lake, la babake na la ukoo. Baba akiwa Pyotr, mwana ni Petrovich, binti ni Petrovna. Kazini, kwa heshima, ataitwa Anna Petrovna. Mama yake atamwita Anya. Hapo ndipo utamu ulipo. Siku bosi aliyezoea kusema "Anna Petrovna" mbele za watu anapoteleza akasema "Anya", ukumbi mzima utajua kuna jambo, nawe hujaandika hata mstari wa maelezo. Na tafadhali, jina la ukoo nalo hufuata jinsia: dada yake Ivanov ni Ivanova.

Mavazi yafuate mahali na majira. Anayekwenda Sochi mwezi wa Julai anakwenda kuogelea Bahari Nyeusi, kofia ya manyoya ya nini? Tena nchi yenye kanda 11 za saa haina sura moja. Mhusika wako anaweza kuwa wa moja ya jamii nyingine za Urusi: Mtatari Mwislamu anayeitwa Rustam, au Mburyati wa dini ya Kibudha.

Lile dai kwamba Mrusi amenuna daima lina chembe ya ukweli: kumchekea mtu usiyemjua barabarani si desturi yao. Kwa hiyo mtoe barabarani, mwingize nyumbani kwa watu. Avue viatu mlangoni, apewe ndala, akalishwe jikoni kwenye chai, na soga ziende hadi usiku wa manane. Asimpe mwenyeji mkono kizingiti kikiwa katikati yao. Wengi huona ni mkosi. Akileta maua yawe witiri, matatu au matano, kwa sababu ya shufwa hupelekwa msibani. Ukitaka mgeni avuruge karamu, mpe maua manne.

Vodka ibaki pale tu tukio linapoidai. Dubu anayechomekwa ili tu ionekane ni Urusi, mfute. "Komredi" waachie wanajeshi, ambao bado huitana hivyo. Muuza duka wa leo akimwita mteja komredi, ujue anatania.