Jinsi ya kusimama na kusema kwenye mkutano mkuu wa kijiji

Nawaandikia hasa kina mama na vijana wanaokaa nyuma kabisa mkutanoni, wale wanaonong'ona maneno ya maana kisha wanarudi nayo nyumbani. Mimi ni mjumbe wa halmashauri ya kijiji huku Morogoro, ni wa siku nyingi sasa, na kabla ya hapo nilikuwa mmoja wa hao wa nyuma. Haya ndiyo ninayowaambia wadogo zangu wanapokuja nyumbani jioni ya kuamkia mkutano na kuniomba, "Dada, kesho tusemee." Siwasemei. Nakaa nao mpaka waweze kusema wenyewe.

Kwanza ujue haki yako. Mkutano mkuu si mali ya mwenyekiti wala ya mtendaji. Kila mkazi wa kijiji aliyefikisha miaka 18 ni wa mkutano huo, na unatakiwa uitishwe walau kila baada ya miezi mitatu. Halmashauri, ambayo huwa na wajumbe kati ya 15 na 25, inapaswa kuja mbele yenu na taarifa ya mapato na matumizi. Na kwenye ardhi, Sheria ya Ardhi ya Vijiji Namba 5 ya 1999 imeipa halmashauri kazi ya kusimamia, lakini haiwezi kumgawia mtu ardhi ya kijiji bila mkutano mkuu kuridhia. Kwa hiyo ukinyoosha mkono huombi fadhila ya mtu.

Halafu chagua jambo moja. Mwenye uchungu wa siku nyingi akipewa nafasi humwaga gunia zima: maji, dawa za zahanati, ng'ombe walioingia kwenye mpunga, kijana wa fulani aliyepewa kiwanja. Mwenyekiti ataokota lililo jepesi kuliko yote, atalijibu kwa maneno matamu, na wewe utakuwa umeshakaa. Liandike jambo lako kwenye daftari kwa sentensi moja au mbili, na liwe swali. Ukisema "Mmekula pesa za madawati," umejitafutia kesi, na mkutano utageuka kukujadili wewe. Ukiuliza "Mchango wa madawati zilipatikana shilingi ngapi, yametengenezwa madawati mangapi, na kitabu cha stakabadhi kiko wapi?" kila aliyechanga atageuka kumtazama mtendaji.

Kuna mkutano mmoja ninaoutolea mfano kila mara. Ajenda ilikuwa kumpa mwekezaji eneo la shamba. Maelezo yalikuwa marefu: ajira, barabara, darasa jipya, na makofi yalishaanza kupigwa. Akasimama mama mmoja mjane, mkulima wa ufuta, ameishika ncha ya khanga yake kwa mikono miwili. Akataja jina lake na kitongoji chake, akasema: "Mwenyekiti, hilo eneo linaanzia wapi na linaishia wapi? Mimi nateka maji kisima cha bondeni. Hicho kisima kimo ndani au kiko nje?" Basi. Hakuongeza neno, wala hakukaa. Mtendaji akapekua makaratasi yake, akamnong'oneza mwenyekiti, mwenyekiti akamtazama mgeni. Jibu halikuwepo. Wanaume wenye mashamba upande ule wakaanza kuulizana kila mmoja na la kwake, na mwisho ikakubaliwa watu waende kwanza wakaukague mpaka kwa miguu.

Yule mama hakuwa ameisoma sheria. Hakujua kwamba ardhi ya kijiji ikitaka kuhamishwa kuwa ardhi ya jumla, yaani itoke mikononi mwa kijiji, eneo likiwa chini ya hekta 250, mkutano mkuu ndio unaokubali au kukataa, na likizidi hapo uamuzi ni wa Waziri, akiwa na mapendekezo ya kijiji mbele yake. Ni vizuri kuyajua hayo, na wewe yajue. Lakini alichokuwa nacho ni njia ya kisimani, anayoipita kila alfajiri, na hakuna msomi ambaye angeweza kumbabaisha juu ya njia hiyo. Sema unachokijua hivyo. Lililo la kusikia, liseme kuwa umelisikia, au liache.

Lugha nayo usiiazime. Nawaona vijana wakisimama wanaanza "kwa muktadha wa changamoto hizi," na kabla hawajafika kwenye jambo lenyewe wazee wameshachoka. Bibi Titi Mohamed, kabla ya kuingia TANU miaka ya 1950, alikuwa mwimbaji wa ngoma Dar es Salaam, na shule aliyosoma ilikuwa kidogo. Akawafuata wanawake kwenye vikundi vyao hivyohivyo vya ngoma, akazungumza nao Kiswahili chao, na 1955 akawa anaongoza wanawake wa chama. Kama Kiswahili chako kina lafudhi ya Kiluguru au Kimaasai, simama nacho.

Siku yenyewe, wahi. Kaa katikati, si nyuma, na karibu yako akae mtu mmoja anayelijua jambo unalokwenda kusema. Kama una mume, mwambie jana yake. Asije akalisikia la mkewe mbele ya watu. Sauti ikitetemeka iache itetemeke, ila shika kitu mkononi, daftari au fimbo, na usifungue mdomo mpaka umesimama sawasawa. Ukimaliza kuuliza, usikae. Kimya kitakachofuata ni kigumu, nao wanakisikia vilevile.

Utaambiwa, "Mama, hilo tutalijibu kwenye mengineyo." Mengineyo hufika jua limezama na nusu ya watu wameshaondoka. Jibu kwa upole: "Nashukuru, mwenyekiti. Naomba swali langu liandikwe kwenye muhtasari, na tulijibu kabla watu hawajatawanyika." Na daftari la mahudhurio likikufikia, soma juu ya ukurasa kabla ya kutia sahihi. Sahihi ya kuhudhuria ni ya kuhudhuria tu. Kama kichwa cha karatasi ni kitupu, omba kiandikwe mbele yako.

Sasa jambo ambalo watu hawalisemi. Ukishasimama mara ya kwanza ukasikilizwa, watu wataanza kukutuma. "Wewe unajua kuongea, mseme yule." Mwaka wa uchaguzi ndiyo zaidi, wapo watakaokuja na hela ya soda. Hapa ndipo wengi wenye ujasiri huharibikiwa, kwa sababu mdomo unabaki wao lakini maneno ni ya mtu mwingine, na kijiji hulitambua hilo upesi sana. Kanuni yangu ni hii: mwenye jambo aje, asimame yeye kwanza, mimi nitasimama baada yake kama nililiona kwa macho yangu. Akikataa kuja, na mimi sisemi. Siku utakayoulizwa mbele ya watu "Umetumwa na nani?" uweze kujibu bila kumeza mate.

Na woga wa watu una sababu, sitaki kuudharau. Mtendaji huyohuyo unayemhoji ndiye atakayekuandikia barua ya utambulisho mwanao akiomba mkopo wa chuo, au wewe ukienda benki. Kwa hiyo lipa michango yako kabla ya mkutano na utunze stakabadhi. Barua unayoihitaji iombe mapema, na ukienda ofisini nenda na mwenzako. Kesho yake mkikutana njiani mwamkie kama siku zote, muulize hali ya watoto. Umehoji hesabu ya kijiji, hamkugombana.

Miezi mitatu ikipita, mkutano utafunguliwa kwa kusoma muhtasari uliopita na yatokanayo. Sikiliza kama swali lako limesomwa. Kama halimo, nyoosha mkono palepale, kabla muhtasari haujathibitishwa, utaje kitongoji chako na uliulize tena kwa maneno yaleyale.