Soma mstari wa kiambato amilifu kabla hujapulizia mkorosho

Ilikuwa Julai, mashada ya maua yameanza kuchomoza, nikiwa shambani kwa mama mmoja huko Tandahimba. Alinitolea makopo matatu kutoka kwenye ndoo. "Bwana shamba, mwanangu," akaniambia, "mwaka huu nimefuata mlivyotufundisha. Kila mzunguko nimebadilisha dawa." Kweli, majina yalikuwa matatu, na vifuniko vya rangi tatu, na bei zilipishana. Lakini ubwiriunga, ule ugonjwa wa kuvu wa mikorosho, ulikuwa bado umeyakalia maua, mweupe kama unga wa muhogo. Niliyageuza makopo nikasoma maandishi madogo ya mgongoni. Yote matatu yalikuwa na kitu kimoja: heksakonazoli, gramu 50 kwa lita. Mama yule alikuwa amenunua dawa ileile mara tatu, na kila mara akiamini ni nyingine.

Sisemi hilo peke yake ndilo lililomponza, kwa sababu hata kuanza alikuwa amechelewa. Ila tangu siku hiyo, kila nikikaa na wakulima chini ya mkorosho, iwe Newala au Nachingwea, somo langu la kwanza ni mstari mmoja tu wa lebo: mstari wa kiambato amilifu.

Neno lenyewe

Ni neno la wakemia lililoingia kwenye kilimo. Kiambato ni kitu kimojawapo kati ya vile vilivyochanganywa kutengeneza dawa. Amilifu ni chenye kutenda kazi. Lina undugu na neno amali. Kwa hiyo kiambato amilifu ni ile kemikali ndani ya kopo inayoua kuvu, mdudu au gugu. Wengine huandika kiambata, na kwenye lebo nyingi za Kiingereza utaona herufi a.i. Wakulima wangu huita kiini cha dawa, na mimi nalipenda jina hilo kwa kuwa linaeleweka papo hapo.

Vilivyobaki ndani ya kopo ni vibebaji: maji, mafuta ya kuyeyushia, udongo laini, kitu cha kusaidia dawa ishike kwenye jani. Vina umuhimu wake, maana bila hivyo kiini kisingeenea mtini. Lakini ubwiriunga hauuawi na vibebaji. Na hapa ndipo watu wengi wanapopotea, kwa sababu tumezoea kupima dawa kwa pua na kwa macho. Dawa ikinuka sana tunasema kali. Ikimiminwa kwenye maji na kugeuka nyeupe kama tui, tunasema imekolea. Harufu ile mara nyingi ni ya mafuta ya kuyeyushia, na weupe ule ni matone madogo ya mafuta yaliyotawanyika majini. Dawa yenye kiini kidogo inaweza kunuka na kugeuka tui kuliko yenye kiini kingi.

Namba inayofuata jina

Baada ya jina la kiambato hufuata kiasi chake. Dawa ya maji hupimwa kwa gramu ndani ya lita moja ya dawa, na dawa ya unga kwa gramu ndani ya kilo au kwa asilimia. Tuchukue kiuadudu cha lamda-sihalothrini chenye gramu 50 kwa lita, na tuseme lebo yake inataka mililita 5 kwa kila lita ya maji. Zidisha 5 kwa 50, gawa kwa 1000, unapata gramu 0.25 za kiini katika kila lita unayopuliza. Msimu unaofuata dukani wanakupa kopo jingine lenye kiini hichohicho, ila ni gramu 25 kwa lita. Ukipima mililita zako 5 kwa mazoea, umepuliza gramu 0.125, nusu ya dozi. Mbu wa mikorosho, mdudu mharibifu wa zao hili, ataendelea kufyonza machipukizi, nawe utasema dawa ni feki. Ukipewa lenye gramu 100 kwa lita, kwa kipimo kilekile umezidisha mara mbili, umeunguza pesa na pengine majani machanga pia.

Hesabu hiyo ni ya kukufungua macho. Kipimo cha kufuata shambani ni kile kilichoandikwa kwenye lebo ya kopo uliloshika leo, si la mwaka jana wala la jirani.

Kuna mtego mwingine ambao hata mawakala wa pembejeo wamewahi kuniuliza. Jina la biashara hufuatwa na namba na herufi, kama 5EC au 50SC. Namba hiyo wakati mwingine ni asilimia, wakati mwingine ni gramu kwa lita. Dawa ya maji yenye asilimia 5 na yenye gramu 50 kwa lita ni kitu kimoja. Mtu akikushawishi kwamba ya "hamsini" ina nguvu mara kumi ya ile ya "tano", rudi kwenye mstari wa kiambato, usome kipimo kimeandikwaje. Herufi zinaeleza umbo la dawa: EC ni mafuta yanayogeuka tui, SC ni chembe laini zinazoelea, kwa hiyo kopo lake litikiswe vizuri kabla ya kupima kwa sababu kiini hutuama chini. WP na WG ni unga na chengachenga za kuchanganya na maji, na DP ni unga wa kupuliza mkavu.

Dawa za magugu zina kisa chao. Glifosati moja imeandikwa gramu 480 kwa lita, nyingine 360, na mkulima anakimbilia ya 480. Mara nyingi ukisoma hadi mwisho unakuta 480 ni uzito wa glifosati pamoja na chumvi iliyofungamana nayo, na 360 ni uzito wa asidi yenyewe. Nguvu ni ileile.

Ukishazoea namba hizi, zinakulinda hata na bei. Tuseme lita ya gramu 50 inauzwa shilingi 30,000, na lita ya gramu 25 inauzwa shilingi 20,000. Ya pili inaonekana rahisi. Gawa bei kwa gramu: ya kwanza ni shilingi 600 kwa gramu ya kiini, ya pili ni shilingi 800. Umeinunua ghali.

Ukoo wa dawa

Turudi kwa mama wa Tandahimba. Tunaposema "badilisha dawa" tunamaanisha badilisha ukoo wa kiini. Viuakuvu vingi vya maji tunavyotumia kwenye ubwiriunga ni vya ukoo mmoja, wa triazoli. Humo kuna heksakonazoli, penkonazoli, tebukonazoli na triadimenoli. Zote huizuia kuvu mahali pamoja: inashindwa kutengeneza ergosteroli, mafuta inayojengea utando wa chembe zake. Kati ya mamilioni ya chembe za kuvu, chache huwa na maumbile ya kuhimili pigo hilo. Ukirudia pigo lilelile mzunguko baada ya mzunguko, unazifagia zile dhaifu na kuziachia shamba zile sugu zizaliane. Hata ukitoka heksakonazoli ukaenda penkonazoli, umehama chumba ndani ya nyumba ileile.

Namna ya kuutambua ukoo: kwenye lebo, majina mengi ya triazoli huishia kwa herufi c-o-n-a-z-o-l-e. Triadimenoli haiishii hivyo, na ni ndugu yao kamili, kwa hiyo usitegemee mkia wa jina pekee. Makopo mengi siku hizi yana alama ya kundi. Triazoli ni kundi la 3 la viuakuvu. Azoksistrobini ni kundi la 11. Salfa ni M02, na herufi M inaonyesha kwamba inaishambulia kuvu sehemu nyingi kwa pamoja, ndiyo maana ni vigumu kuvu kuizoea. Viuadudu vina orodha yao tofauti: lamda-sihalothrini na wenzake wanaoishia t-h-r-i-n wako 3A, na profenofosi iko 1B. Hiyo 3 ya wadudu haina uhusiano na 3 ya kuvu, usije ukazichanganya.

Mpango ninaoushauri ni huu: salfa iwe mhimili wa msimu, triazoli iingie mizunguko michache pale ugonjwa unapoelemea, na kama kuna cha ukoo wa tatu kilichosajiliwa kwa mkorosho, kiwekwe katikati. Kabla ya yote hayo, Mei au Juni mapema, ondoa maotea, yaani machipukizi yaliyojiotea ndani na chini ya mti. Ubwiriunga huanzia kwenye majani yale machanga yenye kivuli, kisha hupanda mauani. Panga linapunguza kazi ya bomba, na halina kiambato cha kusoma.

Salfa nayo ni kiambato

Wengi Mtwara na Lindi hawaihesabu salfa kuwa kemikali. Ni "unga wa manjano", tumekua nao tangu miaka ya 1980, unapakaa mashati na unanuka barabarani asubuhi za Julai. Lakini salfa ni kiambato amilifu kwa maana kamili kabisa, na katika ule unga wa kupuliza mkavu karibu mfuko wote ni kiini. Ile ya kuchanganya na maji nyingi huandikwa asilimia 80, na imewekewa vitu vya kuifanya ilowane. Unga mkavu ukiumwaga majini utaelea tu na kuziba bomba. Nimewaona watu wakilikoroga pipa nusu siku.

Salfa haiponyi ua lililokwisha kuliwa. Hukaa juu, ikazuia mbegu za kuvu zisiote, na sehemu ya kazi yake hufanywa na mvuke unaotoka taratibu jua likipanda. Kwa hiyo lazima itangulie. Anza mashada yanapochomoza, puliza alfajiri umande ungali kwenye majani na upepo umelala, robo kilo kwa mkorosho mkubwa kila mzunguko, na urudie kila baada ya siku 14. Mizunguko mitano kwa kipimo hicho ni kilo moja na robo kwa mti.

Sasa fikiria inakwenda wapi. Sehemu kubwa huanguka chini. Bakteria wa udongo huila na kuigeuza asidi ya salfuriki, na udongo wetu wa kichanga wa nyanda za Makonde hauna uwezo mkubwa wa kuizimua. Uchunguzi uliofanywa kwenye mashamba ya kusini umeonyesha uchachu ukiongezeka chini ya mikorosho iliyopulizwa salfa. Kikemia, kilo 1 ya salfa ikigeuka yote kuwa asidi huhitaji karibu kilo 3 za chokaa ya kilimo kuirudisha. Sikuambii uache salfa. Bila hiyo tusingekuwa na korosho ya kupeleka mnadani. Nakusihi usiimwage kwa ndoo kwa sababu umeipata kwa ruzuku. Na kama unapanda mbaazi, karanga au mihogo chini ya mikorosho ya zamani na mazao yanadumaa, peleka udongo upimwe uchachu kabla hujanunua mbolea. Kituo cha TARI Naliendele, nje kidogo ya mji wa Mtwara, ndicho pa kuanzia kuuliza.

Vaa barakoa na miwani. Mifuko iwekwe mbali na moto, kwani salfa ikiungua hutoa gesi inayobana kifua vibaya.

Usichanganye viini kwa kubahatisha

Naona siku hizi kiuakuvu na kiuadudu vinatiwa pamoja kwenye blowa, ile mashine ya kupulizia, "kumaliza yote". Kabla hujafanya hivyo, kagua kama mbu wa mikorosho wapo kweli. Mti wenye majimoto wengi, wale chungu wanaoishi mitini, mara nyingi unalindwa nao. Ni wakali kwa mbu kuliko wanavyodhaniwa. Kiini cha ukoo wa 3A hakichagui. Kitawaua majimoto, pamoja na nyuki walio mauani, na wiki chache baadaye mbu watarudi kwenye mti usio na mlinzi.

Lebo isitenganishwe na dawa

Hili ndilo linaloniumiza zaidi. Dawa hununuliwa kwa lita, watu watano wanagawana, kila mmoja anaondoka na chake kwenye chupa ya maji ya kunywa. Hapo kiambato kimepoteza jina. Mtoto akiinywa, daktari wa zahanati atauliza amekunywa nini, na jibu la "dawa ya mikorosho" halimsaidii. Profenofosi hutibiwa kwa atropini. Lamda-sihalothrini haitibiwi hivyo. Triazoli nayo haina kiondoasumu maalum, hutibiwa kwa kufuata dalili. Dakika zile mstari wa kiambato ndio unaohitajika. Kama mnagawana, pimeni na kupuliza siku moja, kopo libaki moja na lebo yake, lifungiwe. Likitokea la kutokea, kimbieni na kopo lenyewe hospitali.

Dukani, tafuta namba ya usajili ya Mamlaka ya Afya ya Mimea na Viuatilifu (TPHPA), tarehe ya mwisho wa matumizi, na utepe wa rangi chini ya lebo. Nyekundu ni sumu kali zaidi, kisha njano, bluu, kijani. Kopo lisilo na mstari wa kiambato amilifu, au ambalo mstari huo umekwanguliwa, liache kaunta hata kama bei ni ya kutupa.

Mama wa Tandahimba sasa ana daftari la shule. Kila mzunguko mjukuu wake anaandika tarehe, jina la kiini, gramu kwa lita, namba ya kundi, na mililita walizopima. Jina la biashara wanaliandika mwisho, kwa kalamu ya risasi.