Kipindupindu kambini: namna ya kuwafikia wasioweza kufika kituoni

Kipindupindu huua kwa kukausha maji mwilini. Aliyeamka mzima anaweza kufariki kabla ya usiku. Goma (Kongo) mwaka 1994 na Kagunga (Kigoma, Tanzania) mwaka 2015 kililipuka katika umati wa wakimbizi uliobanana bila vyoo wala maji salama. Mwenye nguvu hukimbilia kituo cha matibabu. Bibi anayeishi peke yake, mjamzito, asiyeweza kutembea na mtoto mwenye utapiamlo hubaki hemani, kwa hiyo huduma iwafuate.

Hatua ya 1: Orodha ya wasioweza kufika
Iandae kabla ya mgonjwa wa kwanza. Usinakili orodha ya mgao wa chakula: ina umri na ukubwa wa familia, lakini haisemi nani anashindwa kufika chooni. Pita nyumba kwa nyumba, uandike namba ya nyumba, hali ya mtu, na jirani aliyekubali kumjulia hali asubuhi na jioni. Jirani ndiye muhimu kuliko yote, maana mhudumu wa afya hawezi kuwa kila hema.

Hatua ya 2: Maji
Kila aliye kwenye orodha apelekewe angalau lita 15 kwa siku, katika dumu la mdomo mwembamba au ndoo yenye koki. Ndoo ya wazi huchafuliwa na mkono wa kwanza unaochota.

Koroga gramu 15 za unga wa klorini wa asilimia 70 katika lita 1 ya maji, kwenye chombo cha plastiki. Jaza ndoo 4 za lita 20, kisha kwa bomba la sindano tia mililita 2, 4, 6 na 8 za mchanganyiko huo. Baada ya dakika 30, pima klorini iliyobaki majini. Chagua kipimo kilichobakiza miligramu 0.5 hadi 1 kwa lita. Maji yenye tope yatulie na kuchujwa kwanza, kwani tope humaliza klorini. Kesho yake pima tena kwenye dumu la nyumbani: ikishuka chini ya 0.2, sugua dumu au ongeza klorini.

Hatua ya 3: ORS (chumvichumvi ya kurudisha maji mwilini)
Acha pakiti na chupa ya lita 1 pamoja. Wengi humimina pakiti nzima kwenye chupa ya soda ya nusu lita. Chumvi huzidi, na ni hatari kwa mtoto. Pakiti zikiisha: lita 1 ya maji safi, vijiko vidogo 6 vya sukari na nusu kijiko kidogo cha chumvi, vyote vya kusawazisha. Mwaga baada ya saa 24.

Kila anapoharisha, mtoto chini ya miaka 2 anywe mililita 50 hadi 100. Wa miaka 2 hadi 9, 100 hadi 200. Akitapika, subiri dakika 10, kisha mnyweshe kijiko kwa kijiko. Anayenyonya aendelee kunyonya.

Mwenye utapiamlo mkali asipewe ReSoMal (mchanganyiko maalumu wa wenye utapiamlo) akiwa na kipindupindu: sodiamu yake ni ndogo, na ugonjwa huu humtoa nyingi. Apewe ORS ya kawaida, apelekwe kituoni mara moja.

Hatua ya 4: Kubebwa
Mjamzito aondoke anapoanza kuharisha, kwani upungufu wa maji unaweza kuua mimba. Wengine wasicheleweshwe macho yakizama, ngozi ikifinywa ikachelewa kurudi, au wakishindwa kunywa. Njiani waendelee kupewa ORS. Wabebaji 4, machela na ruhusa ya walinzi kupita usiku vipangwe mapema, mtaa kwa mtaa.