Somo: Kukusanya rekodi za Miles Davis zilizosafishwa upya sauti (remaster), katika faili zisizopoteza ubora wa sauti

Mfano wetu ni albamu ya Kind of Blue ya Miles Davis, mpiga tarumbeta wa jazi, kwa sababu inaonyesha wazi kwamba tepu iliyotumika kutengeneza toleo ina uzito kuliko ukubwa wa faili.

Hatua ya 1: Fahamu rekodi yenyewe. Albamu hii ilirekodiwa Machi 2 na Aprili 22, 1959, katika studio ya Columbia ya Mtaa wa 30, New York. Siku ya kwanza mashine kuu ilikuwa ikizunguka polepole kuliko kawaida, na kwa hiyo tepu yake ilipochezwa kwa kasi sahihi, vipande vyote vitatu vya upande wa kwanza wa santuri, yaani So What, Freddie Freeloader na Blue in Green, vilisikika kwa haraka na kwa sauti ya juu kidogo. Wasikilizaji waliishi na kasoro hiyo kwa zaidi ya miaka 30, hadi toleo la mwaka 1992 lilipotumia tepu ya akiba iliyorekodiwa na mashine ya pili, ambayo kasi yake ilikuwa sahihi.

Hatua ya 2: Soma maelezo ya jalada, utafute toleo linalosema kwamba kasi imerekebishwa.

Hatua ya 3: Nunua CD halali, uinakili kwa programu inayohakiki usomaji, kama Exact Audio Copy, kisha uhifadhi katika FLAC, aina ya faili isiyopoteza ubora wa sauti.

Hatua ya 4: Andika miaka yote miwili kwenye faili, wa kurekodiwa na wa kusafishwa, la sivyo matoleo yatachanganyika.

Maswali ya wanachama

Nitatambuaje kasi kwa sikio?
Piga noti ya D kwenye kinanda kilicholinganishwa vizuri wakati So What inachezwa. Katika toleo lililorekebishwa besi na tarumbeta hulingana na noti hiyo. Katika toleo la zamani utasikia zikivutana nayo.

Nikigeuza MP3 kuwa FLAC, ubora utarudi?
Hapana. Sauti iliyokwisha kutupwa wakati MP3 ilipotengenezwa hairudi, na faili itaongezeka ukubwa tu.

Je, ni lazima nitafute faili za biti 24 (kipimo cha undani wa sauti)?
Kwa maoni yangu, hapana. CD yenye biti 16 na kilohezi 44.1 hubeba masafa yote ambayo sikio la binadamu husikia, kwa hiyo fedha ambazo ungenunulia faili za biti 24 zitumie kupata toleo lenye kasi sahihi.